Nani Anahesabu Kazi ya Mwanamke? Elimu, Ajira na Mipaka ya Uhakiki wa Taswira katika Fasihi ya Kiswahili

Ikisiri

Makala haya yanachunguza namna uhakiki wa fasihi ya Kiswahili unavyosoma uhusiano wa mwanamke na elimu na kazi. Hoja kuu ni kwamba mbinu iliyotawala kwa muda mrefu, ya kuorodhesha taswira za mwanamke, imeugeuza mtengano wa kijinsia kuwa suala la tabia, ilhali matini zenyewe zinaueleza pia kama suala la kazi, muda na mapato. Matini tatu zimechaguliwa kwa uchambuzi: Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, Utengano ya Said Ahmed Mohamed, na Wasifu wa Siti Binti Saad wa Shaaban Robert. Tamthilia za Nguzo Mama na Natala zimetumika kuipima hoja hiyo katika utanzu mwingine. Makala yanapendekeza maswali manne ya kuongoza usomaji, na yanahitimisha kwa kuonyesha athari ya mabadiliko hayo katika ufundishaji wa fasihi kwenye nchi ambazo Kiswahili kinaingia madarasani kwa nguvu mpya.

Istilahi muhimu: mtengano wa kijinsia, elimu, ajira, kazi isiyolipwa, uhakiki wa taswira

1.0 Utangulizi

Katika mitihani ya fasihi ya Kiswahili, tangu sekondari hadi chuo kikuu, kuna swali lisilochakaa: mtahiniwa ajadili nafasi au taswira ya mwanamke katika kazi teule. Jibu nalo limekwisha kupata umbo lake. Mwanamke amechorwa kama mama mlezi, kama mvumilivu, kama chombo cha starehe, kama kahaba, kama mshauri, kama mwanamapinduzi. Kila taswira hupewa mfano mmoja au miwili, kisha mtahiniwa huamua iwapo mwandishi amemtendea mwanamke haki au la. Zoezi hilo lina faida yake. Liliwazindua wasomaji wa kizazi kizima na kuwafanya waone kwamba wahusika wa kike hawakuwa mapambo ya hadithi. Hata hivyo, faida ya jana imekuwa kizuizi cha leo.

Tatizo la orodha ya taswira ni kwamba inaeleza mwanamke ni nani, au amefanana na nini, bila kueleza anafanya nini kutwa nzima, nani amemfundisha kazi hiyo, analipwa nini, na malipo hayo yanaishia mikononi mwa nani. Mhusika anayeamka alfajiri, akalima, akapika, akauguza na kutafuta karo ya watoto huandikwa katika daftari la mwanafunzi kwa neno moja: mvumilivu. Neno hilo ni sifa, lakini pia ni kifuniko. Linaficha saa za kazi chini ya jina la tabia.

Suala hili lina uzito wa pekee wakati huu. Mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda lilikubali Kiswahili kiwe lugha rasmi na kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na sekondari. Rwanda nayo imekipa Kiswahili hadhi ya lugha rasmi. Fasihi iliyoandikwa Ukerewe, Zanzibar au Nairobi inafika mbele ya wasomaji wapya, na wengi wao ni wasichana wanaoamua wakiwa madarasani humo humo wasome nini na wafanye kazi gani. Wakikabidhiwa vitabu hivi pamoja na orodha ileile ya taswira, watafundishwa kwamba matatizo ya msichana msomi hutokana na mwenendo wake. Makala haya yanadai kwamba matini zenyewe hazisemi hivyo.

2.0 Kutoka Kufungiwa Nje hadi Kutengwa Ndani

Historia ya elimu ya wasichana Afrika Mashariki inaweza kugawanywa katika hatua mbili zinazopishana. Hatua ya kwanza ni ya kufungiwa nje. Makerere, iliyoanza mwaka 1922, ilipokea wanafunzi wanawake wa kwanza mwaka 1945. Pale ambapo shule za wasichana zilikuwapo wakati wa ukoloni, ushonaji, upishi na usafi wa nyumba vilishika sehemu kubwa ya mafunzo. Shule ilimwandaa mvulana kwa ofisi na msichana kwa nyumba ya mwenye ofisi.

Hatua ya pili ni ya kutengwa ndani. Azimio la Musoma la mwaka 1974 liliisukuma Tanzania kuelekea elimu ya msingi kwa wote. Uganda ilianza mpango wake mwaka 1997, na Kenya ikafuta ada za shule za msingi mwaka 2003. Milango ilipofunguliwa, wasichana waliingia kwa wingi, na katika ngazi ya msingi pengo la idadi likapungua sana. Lakini kuingia katika jengo moja si kuketi katika nafasi moja. Mtengano ulihamia ndani ya shule na ndani ya soko la kazi, ukachukua sura mbili. Sura ya kwanza hugawa fani: wanawake huelekezwa kwenye ualimu wa madarasa ya chini, uuguzi, ukarani na kazi za majumbani, na wanaume kwenye uhandisi, ufundi na udereva. Sura ya pili hugawa ngazi: hata katika fani zenye wanawake wengi, cheo cha mkuu huwa rahisi zaidi kumfikia mwanamume. Chuo Kikuu cha Makerere kilipoanza mwaka 1990 kuwaongezea waombaji wa kike alama 1.5 katika udahili, kilikuwa kinakiri kwamba mlango ulio wazi hautoshi.

Kwa muda mrefu sheria zenyewe ziliitazama elimu ya msichana kwa jicho la maadili. Nchini Tanzania, kanuni za mwaka 2002 za kufukuza wanafunzi ziliruhusu mwanafunzi aondolewe kwa kutenda kosa dhidi ya maadili au kwa kuingia katika ndoa, na kwa miaka mingi wasichana waliopata mimba waliondolewa katika shule za serikali. Waraka wa Elimu wa Novemba 2021 ndio uliowafungulia njia ya kurudi baada ya kujifungua. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 nayo ilimruhusu msichana aolewe akiwa na miaka 15 kwa idhini ya wazazi, ilhali mvulana alitakiwa awe na miaka 18. Mahakama Kuu iliona mwaka 2016 kwamba vifungu hivyo vinakiuka katiba, na Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo mwaka 2019.

Kuna mshabaha kati ya sheria hizo na uhakiki wa taswira. Sheria iliuliza iwapo msichana amehifadhika, na uhakiki ukauliza vivyo hivyo. Ni mara chache ambapo sheria au uhakiki uliuliza elimu ile ilikuwa imfikishe wapi.

Kwa sababu hiyo, makala haya yanapendekeza maswali manne yaongoze usomaji wa matini. La kwanza: nani anagharamia elimu ya mhusika, na kwa jasho la nani? La pili: nani anafanya kazi isiyolipwa inayowawezesha wengine kusoma au kuajiriwa? La tatu: ni kazi zipi zinazomsubiri mhusika baada ya kusoma au baada ya kunyimwa kusoma? La nne: nani anashika mapato ya kazi yake?

3.0 Rosa Mistika: Mwalimu Asiyeonekana

Riwaya ya Kezilahabi ilichapishwa mwaka 1971, mwaka uleule wa Sheria ya Ndoa. Kwa muda fulani ilizuiwa kutumika shuleni kwa sababu ilidhaniwa kuwa inachafua maadili ya vijana. Baadaye ikawa miongoni mwa riwaya zinazosomwa zaidi. Muhtasari wake unafahamika. Rosa analelewa Ukerewe chini ya ukali wa baba yake, Zakaria, anayemwadhibu vikali kwa barua aliyoandikiwa na Charles. Anakwenda shule ya sekondari ya wasichana ya Rosary akiwa hajui namna ya kusimama mbele ya mwanamume; anaangukia mikononi mwa Deogratias; anaingia chuo cha ualimu, ambako mkuu wa chuo, Thomas, anamfanya mpenzi wake; hatimaye Charles, aliyekuwa tayari kumwoa, anamkataa kwa sababu si bikira, na Rosa anajiua.

Uhakiki wa taswira umeutumia mfululizo huu kuuliza nani wa kulaumiwa. Wengine wamemlaumu Zakaria kwa malezi ya kufungia. Wengine wamemlaumu Rosa mwenyewe. Wengine jamii kwa jumla. Majibu yote hayo yanabaki katika uwanja wa malezi na mwenendo. Maswali manne yaliyopendekezwa yanaipeleka riwaya mahali pengine.

Katika nyumba ya Zakaria, baba ni mlevi, na mzigo wa kuitunza familia unabebwa na Regina. Mamlaka ya baba juu ya binti hayatokani na mchango wake katika elimu ya binti huyo. Anayetumia fimbo siye anayetumia jembe. Riwaya imeweka utengano huu wazi: kazi inayomwezesha msichana kufika sekondari ni ya mama, na haki ya kumchunga msichana ni ya baba. Msomaji anayemwandika Regina kama mvumilivu tu ameipoteza hoja hii ya mwandishi.

Jambo la pili ni ngazi. Wanaume wanaomkaribia Rosa wakati wa masomo yake si vijana wa rika lake tu. Deogratias ana cheo na fedha, na Thomas ndiye mkuu wa chuo anachosomea. Uhusiano wa Rosa na Thomas umezoeleka kusomwa kama ushahidi wa kuporomoka kwa Rosa. Ukisomwa kwa jicho la kazi, unakuwa ushahidi wa namna taasisi inavyofanya kazi: chuo kinachoandaa walimu, taaluma ambayo wasichana wengi walielekezwa kwayo, kinaongozwa na mwanamume ambaye saini yake inaweza kuifungua au kuifunga njia ya ajira ya mwanafunzi. Msamiati wa leo wa sera una jina la jambo hili, yaani rushwa ya ngono. Riwaya ya mwaka 1971 haikulihitaji jina hilo ili kulionyesha tendo lenyewe.

Jambo la tatu ni ukimya. Rosa amesomea ualimu. Ana taaluma ambayo katika Tanzania ya miaka ile, iliyokuwa na njaa ya walimu, ilikuwa na thamani kubwa kwa taifa. Lakini hatima yake haijengwi juu ya taaluma hiyo. Charles anapomkataa, hakuna mtu katika ulimwengu wa riwaya anayesema kwamba mwanamke huyu ana kazi na maisha nje ya ndoa. Mwili wake umepimwa, na hakuna anayedai kuupima mwili wa Charles. Taaluma yake ya ualimu haikuwekwa kwenye mizani hata kidogo. Ukimya huo unaweza kusomwa kama upungufu wa mwandishi. Unaweza pia kusomwa kama kilele cha shutuma yake: jamii iliyompeleka msichana shule haikuwa imejiandaa kumtambua kama mfanyakazi. Makala haya yanaegemea usomaji wa pili, kwa sababu riwaya nzima imejaa watu wanaodai haki juu ya Rosa bila hata mmoja kumuuliza anataka kufanya kazi gani.

4.0 Utengano: Mlango Uliofungwa na Kazi Zilizobaki

Ikiwa Rosa ni msichana aliyepelekwa shule bila kutayarishiwa nafasi, Maimuna wa Utengano (1980) ni msichana aliyefungiwa. Bwana Maksuudi, mwenye mali na tamaa ya uongozi, anamweka binti yake ndani pamoja na mama yake, Bi Tamima, huku mwanawe Mussa akiwa huru kutoka na kuingia. Wahakiki wameeleza vizuri unafiki wa Maksuudi, ambaye heshima anayoilinda nyumbani ndiyo anayoivunja nje. Kinachostahili kuongezwa ni gharama ya kiuchumi ya ufungwa huo.

Nyumba iliyofungwa haijitoshelezi. Inahitaji watu wa kuingia na kutoka, nao ni wanawake wafanyakazi. Biti Kocho ni mtumishi. Bi Farashuu ni mkunga. Uchungu wa uzazi wa Bi Tamima ndio unaomwingiza Farashuu katika nyumba ya mtu aliyemdhulumu binti yake, Mwanasururu, na kutoka hapo ukuta wa Maksuudi unaanza kubomoka. Usomaji wa kawaida humtazama Farashuu kama mlipizaji kisasi. Ni kweli, lakini silaha yake ni taaluma. Ana ujuzi ambao mwenye mali hana na hawezi kuununua kwa mwanamume, kwa kuwa kanuni zake mwenyewe za kutenga wanawake zimezuia wanaume wasikaribie chumba cha uzazi. Mtengano wa kijinsia huzalisha kazi za wanawake pekee, kisha huzidharau kazi hizo. Mwandishi ameonyesha kwamba dharau hiyo ni kosa la hesabu: Maksuudi anaangushwa na watu ambao hakuwahi kuihesabu kazi yao.

Swali la tatu, la kazi zinazomsubiri mhusika, lina jibu chungu. Maimuna anapotoroka hana elimu wala ujuzi wa kuuza. Soko linampokea kwa kitu kimoja tu. Katika nyumba ya Mama Jeni mwili wake unageuzwa chanzo cha mapato, na mapato hayo hayajengi maisha yake. Neno kahaba linapoandikwa katika orodha ya taswira, linamweleza Maimuna kama aina ya mtu. Ukweli ni kwamba riwaya imeonyesha safari ya mfanyakazi asiye na chaguo: baba amemnyima maarifa, na soko limemtoza gharama ya kunyimwa huko.

Hapa pia ndipo palipo na mpaka wa riwaya. Ukombozi wa Maimuna unakamilishwa kwa ndoa yake na Kabi. Ndoa hiyo imejengwa juu ya maelewano na huruma, na inapingana kabisa na ndoa ya Maksuudi. Hata hivyo, msomaji anayeuliza Maimuna atajipatia riziki kwa njia gani iwapo ndoa hiyo itavunjika hapewi jibu. Riwaya imeubomoa ukuta wa baba lakini haijafungua mlango wa kazi.

5.0 Siti: Ujuzi Bila Shule

Wasifu ulioandikwa na Shaaban Robert unatoa mfano wa tofauti, na ni mfano wa mtu aliyeishi. Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, mnamo 1880, katika familia ya hali duni, akapewa jina la Mtumwa. Hakupelekwa shule. Alijifunza ufinyanzi, kazi ya wanawake wa kwao, na kuvibeba vyungu hadi mjini kuviuza. Mnamo 1911 alihamia mjini. Huko akafunzwa uimbaji na muziki, akaingia katika sanaa ya taarabu, ambayo wakati huo ilitawaliwa na wanaume na lugha ya Kiarabu. Mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay kurekodi santuri, na sauti yake ikasambaa pwani yote kwa Kiswahili. Alifariki mwaka 1950.

Wasifu huu husomwa zaidi kama hadithi ya kutia moyo: mtu wa chini ameinuka kwa kipaji na adabu. Shaaban Robert mwenyewe, kwa desturi yake ya kuandika kwa ajili ya kuadilisha, anaelekeza macho kwenye sifa za moyo. Lakini maisha anayoyasimulia yana mafunzo mengine. Siti alikuwa mfanyakazi kabla ya kuwa nyota. Kuutangaza mzigo njiani kwa sauti na kuikokotoa bei mbele ya mnunuzi ni ujuzi ambao hakuna shule iliyoutolea cheti. Alipohama kutoka chungu hadi wimbo, alivuka mpaka wa kazi za kike na za kiume bila kuvuka mpaka wa darasa, kwa sababu darasa halikuwapo kwa ajili yake. Alijifunza nyimbo kwa kusikia na kuhifadhi. Kundi alilofanya nalo kazi lilikuwa la wanaume wapigaji.

Tahadhari inahitajika hapa. Mafanikio ya Siti hayathibitishi kwamba shule haikuwa na umuhimu. Yanathibitisha jinsi ilivyokuwa ghali kuikosa. Kwa kila msichana mmoja wa Fumba aliyefika Bombay, wenzake wote walibaki na udongo. Wasifu wa mtu wa pekee hauwezi kuwa sera ya elimu. Uhakiki unaomsifu Siti kwa kuinuka peke yake, bila kuuliza kwa nini ilibidi ainuke peke yake, unaigeuza sifa kuwa kisingizio.

6.0 Jukwaa: Kazi ya Pamoja na Hati ya Shamba

Tamthilia inaliweka suala hili mbele ya macho kwa namna ambayo riwaya haiwezi. Katika Nguzo Mama (1982), Penina Muhando anawaleta jukwaani wanawake wa kijiji cha Patata wanaojaribu kuisimamisha nguzo. Hawafaulu. Tamthilia hiyo iliandikwa ndani ya Muongo wa Wanawake wa Umoja wa Mataifa, 1976 hadi 1985, wakati kaulimbiu za umoja na maendeleo ya wanawake zilikuwa nyingi. Wahakiki wengi wamekusoma kushindwa huko kama ukosefu wa umoja. Wanawake, husemwa, hawapendani.

Usomaji huo unaacha swali la muda. Kila mwanamke anavutwa na jambo lake: nyumba, mume, biashara ndogo, mali ya mjane inayonyang'anywa na ndugu wa marehemu. Si mambo ya upuuzi. Ni kazi na riziki. Kuisimamisha nguzo ni zamu ya ziada inayoongezwa juu ya zamu mbili zilizopo, na hakuna aliyewapunguzia wanawake hao mzigo wa kwanza kabla ya kuwapa wa tatu. Muhando, mwandishi mwanamke na msomi wa sanaa za maonyesho, hakuandika hadithi ya wivu. Aliandika juu ya mradi wa maendeleo uliodhani kwamba muda wa wanawake hauna bei.

Kutoka Kenya, Natala (1997) ya Kithaka wa Mberia inatoa jibu la swali la nne, la nani anashika mapato. Natala, anayedhaniwa kuwa mjane, anashinikizwa arithiwe na shemeji yake, Wakene, naye anakataa. Mgogoro huo husomwa kama mgongano wa mila na usasa. Lakini kitu kinachowaniwa kina umbo na anwani: hati ya shamba. Natala anaposhikilia hati ile, anashikilia haki ya kula matunda ya kazi yake. Mwanamke anayelima ardhi isiyo yake anaweza kufukuzwa juu yake siku yoyote, hata awe amesoma kiasi gani. Tamthilia hii inaonyesha kwamba usawa katika elimu na ajira una mguu wa tatu, yaani umiliki, na bila mguu huo meza haisimami.

7.0 Pingamizi Mbili

Pingamizi la kwanza linaweza kuwa kwamba fasihi si takwimu, na kwamba kuuliza mshahara wa Rosa ni kuigeuza sanaa kuwa daftari la hesabu. Pingamizi hili lina uzito. Riwaya haidaiwi kutoa ripoti ya soko la ajira. Lakini uhakiki wa taswira nao ni hesabu, tena hesabu duni: huhesabu taswira chanya na hasi, kisha hutoa hukumu. Maswali yaliyopendekezwa hapa hayaongezi kitu kilicho nje ya matini. Jasho la Regina, ukunga wa Farashuu, vyungu vya Siti na hati ya Natala vimo ndani ya kazi zenyewe, vimewekwa na waandishi kwa makusudi ya kisanaa.

Pingamizi la pili ni kwamba kuliondoa jicho kwenye maadili ni kuwaacha vijana bila mwongozo. Hapa panahitajika utofautishaji. Makala haya hayasemi kwamba mwenendo hauna maana. Yanasema kwamba maadili yaliyoelekezwa kwa msichana peke yake si maadili kamili. Usomaji unaomhoji Rosa na kumwacha Thomas katika kiti chake haulindi maadili. Unalinda cheo. Anayejali maadili kwa dhati ana sababu kubwa zaidi ya kuuliza nani alikuwa na mamlaka, nani alikuwa na fedha, na nani hakuwa na mahali pa kushtaki.

8.0 Hitimisho

Fasihi ya Kiswahili imeandika kwa kina kuhusu mtengano wa kijinsia katika elimu na kazi, kuliko uhakiki wake ulivyotambua. Kezilahabi alionyesha shule inayomfundisha msichana bila kumtambua kama mfanyakazi. Said Ahmed Mohamed alionyesha kwamba kufungiwa ndani ni kunyimwa riziki, hata kama kunaitwa heshima. Shaaban Robert, akisifu maadili, alihifadhi kumbukumbu ya mwanamke aliyebeba ujuzi ambao hakuna taasisi iliyoutambua. Muhando na Kithaka wa Mberia walileta jukwaani muda na ardhi, vitu viwili ambavyo bila hivyo cheti hubaki karatasi.

Upungufu wa matini hizi nao umetajwa: ndoa inayofunga swali la riziki, kifo kinachofunga swali la taaluma, sifa ya mtu mmoja inayofunika hali ya wengi. Kuutaja si kuwashtaki waandishi. Ni kuonyesha mahali ambapo waandishi wa sasa wanaweza kuendelea.

Hatua ya kwanza iko mikononi mwa walimu na watungaji wa mitihani, na haihitaji bajeti. Badala ya kumtaka mtahiniwa aeleze taswira ya mwanamke katika riwaya teule, swali linaweza kumtaka aeleze kazi wanazofanya wahusika wa kike na wa kiume, walivyozipata, na nani ananufaika nazo. Mvulana atakayejibu swali hilo atalazimika kuitazama kazi inayofanyika nyumbani kwao kabla hajafika shuleni. Msichana atakayelijibu hataambiwa kwamba mkasa wa Rosa ulianzia kwenye barua ya mapenzi. Ataona kwamba ulianza mapema zaidi, katika nyumba ambamo mmoja alilima na mwingine akaamuru, na kwamba shule ilipompokea iliyakuta mamlaka yaleyale yameketi katika ofisi ya mkuu wa chuo.